Kivuli Baki na Deni la Mwanga: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Kivuli baki ni nini?

Kivuli baki ni umbo la mtu linaloonekana ukutani mfano wa kivuli cha kawaida, ilhali kati ya mwanga na ukuta huo hakuna mtu yeyote. Hakina uso, hakitoi sauti, wala hakihami kutoka chumba kimoja kwenda kingine. Hujitokeza mahali palepale ambapo mtu fulani alizoea kukaa au kusimama, na hujitokeza tu mwanga unapoingia kwa pembe ileile uliyokuwa ukiingia nayo zamani. Mwanga ukihama, nacho hutoweka.

Hili ni jambo la kubuni, na sheria zinazoliongoza ni za kubuni pia. Nimeziandika kwa uangalifu kwa sababu naamini kwa dhati kwamba mzimu wenye kanuni humgusa mtu kuliko mzimu unaoweza kufanya lolote. Mzimu unaopenya kila ukuta, unaojua kila siri na kutokea saa yoyote hauna uzito, kwa kuwa hakuna kinachouzuia. Kivuli baki kinazuiwa na mengi, na kila kizuizi chake kinatueleza jambo fulani kumhusu mtu aliyekiacha. Pale ninapotumia fizikia ya kweli nitasema hivyo, na pale ninapovuka mpaka nitasema vilevile.

Kivuli si kukosekana kwa mwanga tu? Kitu ambacho hakipo kinawezaje kubaki?

Swali hili ndilo la kwanza kuulizwa na kila msomaji makini, nalo linastahili jibu refu.

Ni kweli kwamba kivuli si kitu. Hakina uzito, hakina nishati yake, na hakijafungwa na masharti yanayofunga vitu. Mwanga husafiri kwa kasi ya mita 299,792,458 kwa sekunde, na hakuna kitu chenye uzito kinachoweza kuifikia kasi hiyo. Lakini kivuli kinachoangukia ukuta ulio mbali sana kinaweza, kwa hesabu, kuteleza juu ya ukuta huo kwa kasi kubwa zaidi ya hiyo bila kuvunja sheria yoyote. Sababu ni kwamba hakuna kinachosafiri kutoka sehemu moja ya ukuta hadi nyingine. Kila sehemu hunyimwa mwanga kwa zamu yake, na jicho letu ndilo linalounganisha zamu hizo na kuziita mwendo.

Hata hivyo, fizikia ya kweli haioni haya kuhesabu kukosekana kwa kitu kana kwamba ni kitu. Katika vipitishi nusu, yaani mata zinazotumiwa kutengenezea transista, elektroni ikiondoka mahali pake huacha pengo. Elektroni ya jirani huingia kwenye pengo hilo na kuacha jingine nyuma yake, kisha nyingine hufuata, na kwa jumla pengo huonekana likisafiri upande ulio kinyume na elektroni. Wanafizikia hulihesabia pengo hilo chaji chanya, hulihesabia uzito, na hukokotoa mwendo wake kama wanavyokokotoa mwendo wa chembe yoyote. Ni pengo tupu, lakini vifaa vyote vya kielektroniki tunavyovitumia vinalitegemea.

Kwa hiyo swali halipaswi kuwa kama ukosefu unaweza kubaki. Linalofaa kuulizwa ni wapi ukosefu huo umeandikwa, na nani aliyeutunza.

Basi umeandikwa wapi?

Umeandikwa katika chembe za mchanga zilizomo ndani ya plasta ya ukuta. Hapa fizikia ya kweli inatufikisha mbali kuliko wengi wanavyodhani.

Mchanga mwingi una fuwele za madini yaitwayo kwatsi. Ndani ya kila fuwele kuna kasoro ndogo ndogo za mpangilio wa atomu, na kasoro hizo huwa mitego ya elektroni. Mnururisho hafifu wa asili, unaotokana na potasiamu, urani na thoriamu zilizomo katika udongo na mawe, pamoja na miali itokayo angani, husukuma elektroni ziingie katika mitego hiyo taratibu, mwaka baada ya mwaka. Mwanga wa jua hufanya kinyume chake: huzitoa elektroni mitegoni, na fuwele hurudi kuwa tupu. Chembe iliyofichwa gizani huendelea kujaa, na chembe iliyoanikwa juani humwagwa. Tangu mwaka 1985 wanasayansi wametumia tofauti hiyo kukadiria ni lini mchanga uliofukiwa uliona jua kwa mara ya mwisho. Kwa maneno mengine, punje ya mchanga inatunza kumbukumbu ya giza lake, na kumbukumbu hiyo inaweza kusomwa maabara.

Tazama sasa chumba ambacho mtu hukaa dirishani kila alasiri. Ukuta ulio nyuma yake hupata jua kila mahali isipokuwa pale anapopakinga kwa mwili wake. Punje zilizo nje ya kivuli humwagwa. Zilizo ndani ya kivuli hubaki zimejaa. Umbo la mtu huyo, mabega yake na mwinamo wa shingo yake, limo katika plasta, ingawa jicho haliwezi kuliona.

Mpaka hapa sijabuni kitu, isipokuwa chumba chenyewe.

Fizikia ya kubuni inaanzia wapi?

Inaanzia kwenye neno deni.

Katika ulimwengu wa kweli, punje iliyojaa ikipata mwanga hutoa elektroni zake, hutoa mng'ao hafifu mno unaohitaji vifaa vya maabara kuupima, na mambo huishia hapo. Katika ulimwengu wa kivuli baki, punje iliyonyimwa mwanga haijajaa elektroni tu, ina dai. Mwanga uliokuwa unakuja kwake, ukakingwa na mwili wa mtu, huhesabiwa kuwa ni mwanga unaodaiwa, na dai hilo hukumbuka pembe ambayo mwanga ulikuwa unaijia. Siku mwanga unapokuja tena kwa pembe hiyo bila kukingwa, punje haziurudishi chumbani kama ukuta wa kawaida unavyofanya, bali huumeza ili kufidia kile zilichonyimwa na mwenye chumba. Mahali pasiporudisha mwanga huonekana peusi. Weusi huo, wenye mipaka ya mtu aliyekinga, ndio kivuli baki.

Wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa, na sheria ya mwisho inafuata kauli hiyo moja kwa moja: kila kivuli kinapoonekana, sehemu ya deni inalipwa, na kivuli cha safari ijayo kitakuwa hafifu zaidi. Pia mwanga unaoingia kwa pembe isiyo yake hulipa deni kidogo kidogo bila kuonyesha umbo lolote. Malipo hayo nayaita malipo ya kimya, na umuhimu wake utaonekana katika majibu yanayofuata.

Inachukua muda gani kwa kivuli kubaki?

Kipimo nilichoweka ni marejeo 300. Rejeo moja ni siku moja ambayo kivuli kilekile kimeangukia mahali palepale kutoka pembe ileile, kwa tofauti isiyozidi digrii 1. Namba 300 ni uamuzi wangu. Yanayotokana nayo si uamuzi wangu, bali ni kazi ya jua lenyewe, na ndiyo yaliyonishangaza nilipoyakokotoa.

Jua halipiti njia moja mwaka mzima. Hupanda kuelekea kaskazini hadi karibu na tarehe 21 Juni, kisha hushuka kuelekea kusini hadi karibu na tarehe 21 Desemba. Katikati ya safari, mwezi Machi na Septemba, njia yake huhama kwa takriban digrii 0.4 kila siku, kwa hiyo pembe moja hudumu siku mbili au tatu tu, nayo hurudi mara mbili kwa mwaka. Hayo ni marejeo kama 5 kwa mwaka, na marejeo 300 yangehitaji miaka 60 ya kukaa dirishani. Lakini jua linapofika mwisho wa safari yake na kugeuka, hupunguza mwendo kiasi kwamba kwa takriban siku 34 njia yake haihami zaidi ya digrii 1. Mtu anayekaa mahali pamoja katika kipindi hicho hupata marejeo 34 kwa mwaka mmoja, na miaka tisa humtosha.

Ndiyo maana vivuli baki vya jua, karibu vyote, ni vya Juni au vya Desemba. Msimulizi anayetaka kuweka kivuli cha jua katika mwezi wa Machi anapaswa kumpa mtu wake maisha marefu sana na kiti kisichohamishwa kamwe.

Kivuli cha taa ni jambo tofauti. Taa isiyohamishwa hutoa pembe ileile kila usiku, na marejeo 300 hukamilika kabla ya mwaka kwisha. Kinachozuia kuta zetu kujaa vivuli vya taa ni malipo ya kimya: chumba kinachofunguliwa madirisha kila asubuhi hulipa mchana kile kilichokopwa usiku.

Kwa nini watu waliopita tu chumbani hawaachi kitu?

Kwa sababu mwendo hugawa deni juu ya ukuta mzima mpaka kila sehemu inapata kiasi kisichoonekana.

Upigaji picha wa mwanzo unatoa ushahidi mzuri wa kanuni hii. Mwaka 1838 Louis Daguerre alipiga picha ya barabara moja ya Paris akiwa juu, dirishani. Sahani yake ya picha ilihitaji dakika kadhaa kupokea mwanga, na katika dakika hizo watu na magari ya farasi walipita bila kukoma. Picha ilipotokea, barabara ilikuwa karibu tupu. Waliopita wote walitoweka, akabaki mtu mmoja aliyekuwa amesimama akipigiwa viatu rangi, pamoja na aliyempigia, kwa sababu hao walitulia kwa muda wa kutosha. Aliyesimama hajulikani ni nani, na huenda hakujua kwamba anapigwa picha.

Hiki ndicho ninachokipenda zaidi katika sheria za kivuli baki. Masimulizi mengi ya mizimu humpa nafasi ya kubaki yule aliyekufa kwa ukatili, aliyelaaniwa au aliyeapa kulipiza kisasi. Ukuta hauyajui hayo. Ukuta humtunza mshonaji aliyeinama juu ya kitambaa chake, mgonjwa aliyeegemea mto uleule, mwanafunzi aliyesoma chini ya taa ileile hadi usiku mkubwa. Kishindo cha dakika moja, hata kiwe kikubwa namna gani, ni rejeo moja tu.

Kama kutulia kunatosha, mbona hatuoni mizimu ya makabati?

Tunaiona. Ondoa kabati lililokaa miaka mingi mahali pamoja, au shusha picha iliyotundikwa kwa muda mrefu, utaona umbo lake ukutani likiwa na rangi nzito kuliko sehemu nyingine, kwa sababu mwanga umepausha rangi ya ukuta pande zote isipokuwa hapo. Hilo ni jambo la kweli kabisa, na kila aliyewahi kuhama nyumba amelishuhudia. Hakuna aliyelikimbia. Umbo la kabati halituambii lolote ambalo kabati lenyewe halikutuambia.

Umbo la mtu ni jambo jingine, ingawa sheria ni moja. Nadhani tofauti iko kwetu sisi tunaotazama, na sioni haja ya kuitafutia sheria ya pili.

Je, kuna kivuli cha mtu kilichowahi kubaki katika ulimwengu wa kweli?

Kipo, na inafaa kitajwe kwa heshima. Tarehe 6 Agosti 1945, bomu la atomu lilipolipuka juu ya Hiroshima, mtu mmoja alikuwa ameketi kwenye ngazi za mawe mbele ya benki. Joto kali la mlipuko lilipausha mawe yaliyomzunguka, na mahali alipokuwa pakabaki peusi. Sehemu hiyo ya ngazi imehifadhiwa katika makumbusho ya amani ya mji huo. Haikutokana na deni la mwanga wala marejeo 300. Ilitokana na joto la muda mfupi mno, na hakuna fizikia ya kubuni inayohitajika kuieleza. Sikujenga kivuli baki juu ya tukio hilo, na ningeomba wanaolitumia wazo hili wasilijenge hapo.

Je, ni lazima mwenye kivuli awe amefariki?

Hapana. Sheria haiulizi habari za kifo. Inauliza tu kama mwili umeondoka mahali ulipokuwa ukikinga mwanga. Mtu aliyehama, aliyefungwa, aliyepona akaacha kitanda chake cha ugonjwa, au aliyebadilisha tu mahali pa kiti chake, anaweza kuacha kivuli akiwa hai na mzima. Anaweza hata kurudi akakikuta. Nafikiri hakuna tukio zito zaidi katika ulimwengu huu kuliko mtu kusimama mbele ya umbo lake mwenyewe la miaka ya nyuma na kugundua kwamba mabega yake yalikuwa wima zaidi siku zile.

Je, kivuli hicho ni yeye mwenyewe? Ananiona?

Hapana, wala hakuoni. Ili kitu kione ni lazima kipokee mwanga, kiufasiri, na kiweze kubadilika kutokana na kilichofasiriwa. Ukuta hupokea mwanga na kuumeza. Hautofautishi mwanga uliotoka dirishani moja kwa moja na ule uliorudi kutoka usoni pako. Ukilia mbele yake hausikii, na ukiuliza swali haujibu.

Hata hivyo, nisingependa mtu aondoke na fikra kwamba kilichopo ni uchafu wa ukutani tu. Umbo lile halikuchorwa na mtu wala halikukisiwa. Kila ncha yake imewekwa na mwanga halisi uliozuiwa na mwili halisi, siku baada ya siku, zaidi ya mara 300. Picha moja hutueleza mtu alivyokuwa dakika ile alipojua anatazamwa. Kivuli baki hutueleza alivyokuwa kwa wastani wa siku zake zote akiwa hajui. Kwa maana hiyo finyu, kuna ukweli ndani yake ambao picha haina.

Je, mahali pake huwa baridi?

Kinyume chake: huwa na joto kidogo zaidi. Nishati haipotei. Mwanga ambao ukuta haukuurudisha umeingia ukutani, na mwanga uliomezwa hugeuka joto, kama vile kitambaa cheusi kinavyopata joto juani kuliko cheupe. Kwa mwanga wa taa ongezeko hilo ni dogo mno, na kipimajoto nyeti ndicho kitakachoweza kulitambua. Kwa jua la moja kwa moja, ambalo huleta hadi kama wati 1,000 kwa kila mita moja ya mraba, mtu akiweka kiganja chake juu ya kivuli baada ya robo saa atahisi tofauti.

Wanaosimulia mizimu baridi wana haki ya kufanya hivyo katika ulimwengu wao. Katika huu, baridi ingekuwa kosa la hesabu.

Kwa nini huonekana zaidi katika nyumba zilizofungwa kwa muda mrefu?

Kwa sababu ya malipo ya kimya. Nyumba inayokaliwa hufunguliwa, huwashwa taa mpya, hupakwa rangi, husogezwa viti, na kila mwanga wa pembe ngeni hupunguza deni. Nyumba iliyofungwa madirisha siku ile mwenyewe alipoondoka hailipi chochote. Anayefungua dirisha lake miaka 20 baadaye, mwezi uleule na saa ileile, huupa ukuta malipo ya kwanza, na kivuli cha malipo ya kwanza ndicho kizito kuliko vyote.

Kinaweza kunidhuru?

Kivuli baki hakiwezi. Lakini hapa naomba tutoke kwenye ubunifu kwa dakika chache, kwa kuwa wapo watu wanaoona maumbo chumbani katika maisha ya kweli, na baadhi ya sababu zake ni za hatari.

Gesi ya kaboni monoksidi, inayotolewa na jiko, tanuri au jenereta lisilochoma mafuta yake vizuri, haina rangi wala harufu. Husababisha kichwa kuuma, kizunguzungu, uchovu, hofu na hata kuona au kusikia visivyokuwepo. Mwaka 1921 jarida moja la tiba ya macho la Marekani lilichapisha kisa cha familia iliyoamini nyumba yake ina mizimu, hadi ilipobainika kwamba tanuri la nyumba lilikuwa likivuja moshi. Ikiwa watu wote wa chumba kimoja wanaona mambo na vichwa vinawauma, watoke nje kwanza, kisha watafute msaada wa tiba na jiko likaguliwe. Maswali ya mzimu yatasubiri.

Sababu nyingine ni mitetemo ya hewa iliyo chini ya 20 kwa sekunde, ambayo sikio halisikii kama sauti. Mwaka 1998 mhandisi Mwingereza Vic Tandy alieleza jinsi alivyoona umbo la kijivu pembeni mwa jicho lake akiwa kazini usiku, na jinsi alivyogundua kwamba feni mpya ilikuwa ikitetemesha hewa ya chumba karibu mara 19 kwa sekunde. Feni iliporekebishwa, hali ile ilikoma. Maelezo yake hayajakubaliwa na kila mtafiti, lakini mwenendo wake ni wa kuigwa: alianza kwa kutafuta kinachotetemeka.

Nikitazame vipi?

Subiri gizani kwa dakika 20 hadi 30 kabla ya kufungua dirisha au kuwasha taa, kwa sababu huo ndio muda ambao seli za jicho zinazofanya kazi katika mwanga hafifu zinahitaji ili zifikie uwezo wake kamili. Seli hizo ni chache sana katikati ya retina, kwa hiyo usikikazie macho kivuli. Elekeza macho pembeni kidogo, nacho kitaonekana vizuri zaidi.

Ukihitaji mwanga wa kutembelea chumbani, tumia mwekundu hafifu. Fotoni, yaani chembe za mwanga, za rangi nyekundu zina nishati ndogo kuliko za buluu, na maabara halisi zinazosoma umri wa mchanga hufanya kazi chini ya taa za rangi hiyo kwa sababu hazimwagi mitego ya kwatsi kwa urahisi. Nimeichukua kanuni hiyo kama ilivyo: mwanga mwekundu haulipi deni. Mwako wa kamera, kwa upande wake, ni mwanga mkali mweupe kutoka pembe isiyo yake, na mtu anayepiga picha kwa mwako huo hupata picha ya ukuta mtupu na kumpunguzia kivuli muda wake.

Nitajuaje kwamba sijidanganyi?

Usiwe peke yako, na usiseme unachotarajia kukiona. Mwaka 1903 mwanafizikia Mfaransa René Blondlot alitangaza kwamba amegundua miali mipya, ambayo aliitambua kwa kutazama mabadiliko madogo ya mwangaza katika chumba chenye giza. Wengine wakasema nao wanaiona. Mwaka uliofuata Robert Wood kutoka Marekani alitembelea maabara yake, na gizani akauondoa kimyakimya mche, yaani kipande cha umbo la pembetatu, uliosemekana kuitawanya miali hiyo. Vipimo viliendelea kusomwa kama vile mche bado upo. Blondlot hakuwa mwongo. Alikuwa mtu mwenye macho yaliyochoka na tumaini kubwa, na hali hiyo inaweza kumpata yeyote anayekaa gizani akisubiri umbo la mtu aliyempenda.

Kwa hiyo mwombe mtu asiyemjua mwenye kivuli aingie, atazame, na achore alichokiona kabla hujamwambia neno.

Je, naweza kujua alikuwa amekaa wapi?

Unaweza, na kwa usahihi mzuri, kwa kutazama ukingo wa kivuli. Jua si nukta. Kwa macho yetu lina upana wa takriban nusu digrii, na kwa sababu hiyo kivuli chake hakina ncha kali. Kadiri mtu anavyokuwa mbali na ukuta ndivyo ukingo wa kivuli chake unavyopanuka na kuwa na ukungu, kwa kiasi cha milimita 9 hivi kwa kila mita moja, mwanga ukiuangukia ukuta kwa pembe ya digrii 90. Ukingo wenye ukungu wa milimita 18 unakuambia kwamba kilichokinga kilikuwa mita 2 kutoka ukutani. Rudi nyuma mita 2 kwa kufuata mstari wa mwanga, na hapo ndipo kiti kilipokuwa, hata kama kiti chenyewe kilishauzwa. Mara nyingi ukingo wa kichwa na ukingo wa mikono hutofautiana, kwa kuwa mikono ilikuwa mbele zaidi, ikishika kitu.

Je, kukitazama kunakimaliza? Nisikitazame basi?

Kunakimaliza, polepole. Nimeweka kwamba kila onyesho kamili la saa moja hulipa sehemu moja ya mia ya deni lililobaki. Baada ya maonyesho 69 deni huwa limeshuka chini ya nusu, na baada ya 230 limeshuka chini ya sehemu moja ya kumi, kiasi ambacho jicho la kawaida halikipati tena. Kwa kivuli cha Juni chenye siku 34 kwa mwaka, hiyo ni miaka miwili hadi nusu na karibu miaka saba hadi mwisho, ikiwa kila siku ina jua. Dirisha likifungwa, deni hubaki kama lilivyo na hakuna anayeliona.

Siwezi kumchagulia mtu. Nimeulizwa mara nyingi kama ningeweza kuongeza sheria itakayokiwezesha kivuli kutazamwa bila kupungua, na nimekataa kila mara, kwa sababu umeme, joto na mwanga havitoi kitu bure, na mzimu uliojengwa juu yake haupaswi kutoa.

Je, kilichopungua kinaweza kurudishwa?

Sheria inaruhusu njia moja. Mtu akiweka kiti mahali palepale, kwa umbali uliopimwa kwa ukungu wa ukingo, na akakaa saa ileile katika siku zile 34, mwili wake hukinga mwanga uliokuwa unaenda kulipa. Siku hiyo deni la zamani halipungui, na deni jipya huanza kuandikwa juu yake, katika punje zilezile. Ukuta hautofautishi madeni mawili. Mabega ya aliyekaa sasa yakiwa mapana zaidi, kivuli kitapanuka kidogo kila mwaka. Akiwa na mwinamo uleule wa shingo, sehemu hiyo itazidi kuwa nzito, na baada ya miaka tisa atakayefungua dirisha ataona mtu mmoja.